Ayala wa Barbaria: Makazi, Umbo na Mwenendo Wake

Afrika haikosi wanyama wenye kwato na pembe. Kutoka nyanda za Katanga hadi pwani ya Bahari ya Hindi, na kutoka misitu ya Ituri hadi ukingo wa Sahara, kuna makumi ya aina zao, wakubwa kama pofu na wadogo kama paa. Karibu wote hao ni wa ukoo mmoja, ule unaowaunganisha ng'ombe, mbuzi, kondoo na swala. Ukoo mwingine mkubwa, wa wanyama ambao pembe zao humea matawi, huanguka na kuota upya kila mwaka, umeenea Ulaya, Asia na Amerika zote mbili, lakini haukuvuka Sahara. Katika bara zima la Afrika una mwakilishi mmoja tu anayehesabiwa kuwa mwenyeji, naye anaishi katika milima yenye misitu iliyo mpakani mwa Algeria na Tunisia. Wataalamu humwita *Cervus elaphus barbarus*. Makala haya yanaeleza mahali anapoishi, jinsi alivyo na mwenendo wake; lakini kabla ya hayo hapana budi kulishughulikia jina lake, kwa sababu Kiswahili kimemtendea mnyama huyu kwa namna isiyo sawa.

Suala la jina

Mwanafunzi anayesoma kwa Kifaransa hukutana na maneno *cerf*, *biche* na *faon* tangu darasa la kwanza, katika hadithi, nyimbo na mazoezi ya imla. Anapotakiwa kuyatia katika Kiswahili, mara nyingi huandika *swala*, na mwalimu hupitisha. Mwingine huandika *paa*, mwingine *kulungu*. Kosa hilo si la mwanafunzi peke yake, maana Kifaransa chenyewe, kilipofika Afrika, kilianza kuwaita *biche* wanyama ambao Ufaransa hawapo kabisa. Jina lilisafiri, mnyama akabaki.

Hata hivyo, Kiswahili kina neno lake, nalo ni *ayala*. Wasomaji wengi wamelipata katika Biblia ya Union Version iliyotoka mwaka 1952, katika Zaburi ya 42 na katika Wimbo Ulio Bora. Ni neno lenye asili ya Kisemiti: Waebrania husema *ayyal* na Waarabu husema *ayyil*. Jambo la kuvutia ni kwamba tafsiri hiyo hiyo, ilipofika Kumbukumbu la Torati sura ya 14, mahali panapoorodheshwa wanyama wanaoruhusiwa kuliwa, ililiacha neno *ayala* na kuweka *kulungu*. Inaelekea watafsiri walipokuwa katika ushairi waliona heri neno la mbali lenye fahari, na walipokuwa katika sheria wakataka mnyama ambaye msikilizaji anaweza kumlenga kwa mshale.

Uchaguzi wa kulungu haukuwa wa kubahatisha. Kulungu ni mnyama wa vichaka, mwenye rangi ya kahawia au nyekundu iliyotiwa madoa meupe. Jike lake halina pembe. Na anaposhtuka hulia mlio mfupi kama wa mbwa. Yote hayo yanaweza kusemwa pia juu ya ayala wa Afrika Kaskazini. Lakini pembe za kulungu zimesokotwa, hazina tawi hata moja, naye hukaa nazo tangu ujana hadi kufa. Kwa mtaalamu wa wanyama hiyo ni tofauti inayotenga koo mbili. Kwa mtaalamu wa lugha ni ushahidi kwamba kufanana kwa sura ndiko kunakozaa majina, wala si undugu wa damu.

Basi katika makala haya atatajwa kwa jina la ayala: ayala dume, ayala jike, na ndama wao. Jina hilo linamfaa huyu wa Tunisia kuliko ayala yeyote wa Ulaya, maana wenyeji wanaosema Kiarabu humwita *ayyil*, na baadhi ya waandishi wao hupendelea kumwita ayala wa Atlasi. Jina la Barbaria ni la Wazungu, waliokuwa wakiita hivyo pwani yote ya kaskazini kuanzia Moroko hadi Libya. Mwingereza Bennett alilitia katika jina la kisayansi mwaka 1833, na likabaki.

Umbo lake

Ayala wa Barbaria ni nususpishi, yaani tawi la kijiografia, la ayala mwekundu ambaye anajulikana sana Ulaya, kutoka Hispania hadi Uskoti na milima ya Karpati. Kwa kimo ni mdogo kuliko jamaa zake wengi wa huko: dume lililokomaa husimama mita moja na kidogo begani, nalo lina shingo nene, kifua kipana na miguu myembamba iliyo mirefu kwa kulinganisha na kiwiliwili. Jike ni jepesi zaidi na halina pembe kabisa.

Rangi yake ni kahawia iliyokoza, yenye mstari wa kijivu unaofuata uti wa mgongo. Mbavuni na mgongoni yana madoa meupe yaliyofifia. Karibu ndama wote wa ukoo huu huzaliwa na madoa, lakini ayala mwekundu wa Ulaya huyapoteza akiwa bado mdogo, na mtu mzima mwenye madoa si jambo la kawaida huko. Huyu wa Barbaria huendelea kuonyesha dalili zake hata anapokuwa mzee. Katika msitu wa mialoni, ambamo jua hupenya kwa vipande vipande na kuangukia majani makavu, mnyama mwenye rangi hiyo akisimama kimya huweza kupitwa kwa hatua ishirini bila kuonekana.

Ndani ya mwili wake kuna mambo mawili ya kutajwa. Kinywani hana meno ya mbele ya juu, kama vile mbuzi na ng'ombe. Hukata majani kwa kuyabana kati ya meno ya chini na ufizi mgumu, lakini ana vichonge viwili vidogo vya juu, mabaki ya zama ambapo mababu wa ukoo huu walikuwa na meno marefu badala ya pembe. Msomaji wa Kongo anaweza kuwaza mnyama mdogo wa kando ya mito ya misitu ya ikweta, *Hyemoschus aquaticus*, asiye na pembe, ambaye mpaka leo dume lake lina vichonge virefu vinavyotokeza nje. Jambo la pili ni kwamba ayala hana kifuko cha nyongo. Aristotle aliliandika hilo zaidi ya miaka 2,300 iliyopita, na wapasuaji wa leo wanamthibitisha. Mswahili anayeihusisha nyongo na kinyongo angetarajia basi mnyama mpole kuliko wote. Anayeyaona madume mwezi wa Septemba hawezi kukubali.

Pembe

Neno *pembe* katika Kiswahili limebeba vitu ambavyo havifanani kwa asili yake, na hapa ndipo ufafanuzi unahitajika zaidi. Pembe ya ng'ombe au ya kulungu ni mfupa uliovikwa ala ngumu, ala ambayo ni ya jamii moja na kucha na kwato. Haianguki. Pembe ya kifaru haina mfupa ndani. Vijipembe vya twiga, na vya okapi dume wa msitu wa Ituri, ni mifupa iliyofunikwa kwa ngozi yenye manyoya, navyo havianguki wala havimei matawi. Pembe ya ayala ni jambo la nne: ni mfupa mtupu, usio na ala, ambao mnyama huujenga, huutumia kwa miezi michache na kuutupa.

Mwenendo wake kwa mwaka ni huu. Kipindi cha baridi kinapoelekea kwisha, kiwango cha homoni ya kiume katika damu hupungua, na mfupa unaoshikana na fuvu hulegea mpaka pembe ikaanguka, mara nyingi moja kwanza na ya pili baada ya siku chache. Kidonda hufunikwa na ngozi laini yenye manyoya mafupi kama mahameli, na chini ya ngozi hiyo, iliyojaa mishipa ya damu, pembe mpya huanza kuchipuka. Ni miongoni mwa viungo vinavyokua upesi kuliko vyote katika wanyama wanaonyonyesha. Katika wiki za kasi, ayala wekundu huweza kuongeza zaidi ya sentimita moja kwa siku. Katika muda huo pembe ni laini, ina joto, na ikijeruhiwa hutoka damu, kwa hiyo dume hujiepusha na vichaka vizito na huwa na tabia ya upole na woga. Baada ya takribani miezi minne homoni hupanda tena, mfupa hukomaa, damu hukatika, na ile ngozi hukauka. Dume huisugua kwenye mashina ya miti mpaka iambuke vipande vipande, na pembe hubaki tupu, nyeupe kwanza, kisha hugeuka kahawia kwa utomvu wa magome.

Gharama ya kazi hiyo ni kubwa. Madini mengi ya kujengea pembe hayatoki moja kwa moja katika chakula cha siku zile. Mnyama huyakopa kutoka mifupa yake mwenyewe, hasa mbavu, na kulipa baadaye malisho yanapotosha. Ndiyo sababu ayala huonekana wakitafuna pembe zilizoanguka. Dume lililoishi mahali pa ukame au lenye ugonjwa huota pembe ndogo mwaka huo, hata kama mwaka uliotangulia zilikuwa kubwa. Pembe basi ni kama taarifa ya afya, inayoandikwa upya kila mwaka mbele ya macho ya majike na ya wapinzani.

Kwa ayala wa Barbaria pembe zina alama moja inayomtambulisha. Kwa kawaida ayala mwekundu wa Ulaya aliyekomaa ana matawi mawili yanayofuatana karibu na paji la uso, la kwanza na la pili, kabla ya tawi la katikati na taji la juu. Huyu wa Afrika tawi la pili hana. Ayala wa visiwa vya Sardinia na Corsica naye kwa kawaida hana tawi hilo, jambo litakalorudi hapa chini.

Mahali anapoishi

Anayeiwaza Afrika Kaskazini kuwa ni jangwa tupu atashangaa kufika Kroumirie. Ni safu ya milima iliyo kaskazini magharibi mwa Tunisia, kaskazini ya bonde la mto Medjerda, ambako pepo za Bahari ya Kati humwaga mvua nyingi wakati wa baridi. Mji wa Aïn Draham hupata takribani milimita 1,500 kwa mwaka, kiasi kinachozidi mvua ya Lubumbashi, na theluji huanguka. Lakini majira yamegeuzwa: mvua huja wakati wa baridi, na joto kali huja pamoja na kiangazi, kuanzia Juni hadi Septemba. Mimea ya huko imezoea kiu ya miezi mitatu au minne, na wanyama vilevile.

Mti mkuu ni mwaloni wa kizibo, ambao gome lake nene huvuliwa kila baada ya miaka 9 hadi 12 bila kuuua mti. Palipo na unyevu zaidi na mwinuko hupatikana mwaloni mwingine mrefu, *Quercus canariensis*, unaopukutisha majani. Chini yake kuna vichaka vizito vya mihadasi, misandarusi ya Bahari ya Kati, erika na miarbuto, mti mdogo wenye matunda mekundu. Ayala hula majani na machipukizi ya vichaka hivyo kwa sehemu kubwa ya mwaka, hula nyasi changa mvua zinapoanza, na msimu wa mialoni kuangusha mbegu hunenepa kwa haraka. Maji ni lazima yawe karibu. Ndiyo maana kiangazi huwakusanya kwenye mabonde na vijito visivyokauka.

Kituo muhimu kuliko vyote upande wa Tunisia ni hifadhi ya taifa ya El Feija, karibu na mji wa Ghardimaou, iliyoanzishwa mwaka 1990 na yenye eneo la zaidi ya hekta 2,600. Ni eneo dogo. Msomaji aliyezoea hifadhi ya Upemba au Salonga, zinazohesabiwa kwa maelfu ya kilomita za mraba, na apige hesabu: El Feija yote haifiki kilomita 30 za mraba. Upande wa Algeria ayala wanaishi katika misitu ya kaskazini mashariki, hasa ile ya Beni Salah na ile ya hifadhi ya El Kala, iliyoanzishwa mwaka 1983. Mpaka wa nchi mbili unapita katikati ya msitu mmoja, na wanyama hawautambui. Katika miaka ya 1990 baadhi walipelekwa kutoka Tunisia hadi hifadhi ya Tazekka nchini Moroko.

Mwenyeji au mgeni?

Swali hili limewashughulisha wasomi kwa muda mrefu, na chanzo chake ni maandishi ya kale. Herodoto, katika kitabu cha nne cha Historia yake, aliandika katika karne ya 5 kabla ya Kristo kwamba Libya, jina ambalo Wagiriki waliiita Afrika, haina ayala wala nguruwe mwitu. Aristotle alirudia jambo hilo, na Plinio, karne ya 1 baada ya Kristo, akasema kuwa Afrika ni karibu nchi pekee isiyozaa ayala. Upande wa pili yupo Virgilio, ambaye katika *Aeneis* anamfanya shujaa wake apige ayala kwa mishale mara tu anaposhuka pwani ya Libya, jambo lililowaletea taabu wafafanuzi wake.

Kwa msingi huo wapo waliodai kwamba ayala aliletwa na Wakarthago au Warumi kwa ajili ya kuwindwa. Hoja hiyo ina udhaifu ulio wazi. Herodoto alimkana ayala na nguruwe mwitu katika sentensi moja. Na nguruwe mwitu wamejaa Kroumirie hata leo, nao ni wenyeji wa zamani sana wa Afrika Kaskazini. Shahidi aliyekosea juu ya mmoja hawezi kutegemewa peke yake juu ya mwingine. Yaelekea habari zake zilitoka katika nchi ya mashariki zaidi, upande wa Kirene, ambako misitu ya aina hii haikuwapo. Tena, ukoo huu haukuwa mgeni kabisa barani: mifupa ya ayala mwingine mkubwa, mwenye fuvu nene sana, *Megaceroides algericus*, imefukuliwa Algeria na Moroko, naye alitoweka zamani.

Uchunguzi wa chembe za urithi, ulioanza kutoa matunda miaka ya 2000, umeleta ushahidi wa namna nyingine. Umeonyesha kwamba ayala wa Barbaria yuko karibu sana na ayala wa Sardinia na Corsica, na kwamba hao pamoja wametengana na ayala wa Ulaya bara. Ule ukosefu wa tawi la pili, basi, haukuwa wa bahati. Lakini visiwa hivyo havikuwa na ayala huyu tangu asili. Inakubalika kwamba walifikishwa huko na binadamu kwa mashua. Kama walitoka Afrika, basi Afrika ilikuwa nao kabla ya hapo, na Herodoto ameshindwa. Kama wote walichukuliwa kutoka nchi ya tatu ambako sasa wamekwisha, shauri linabaki wazi. Wataalamu hawajakubaliana, ingawa dhana ya kwanza haihitaji kumbuni mnyama ambaye hakuacha alama.

Mwenendo wake

Ayala ni mnyama wa alfajiri na magharibi. Mchana, hasa wakati wa joto, hulala kivulini akicheua. Jua likishuka hutoka kwenda malishoni na majini. Kwa sehemu kubwa ya mwaka madume na majike huishi mbalimbali. Majike hukaa katika makundi madogo ya mama, binti zake na ndama, yakiongozwa na jike la umri mkubwa. Huyo ndiye anayejua mahali maji yasipokauka, na huyo ndiye husimama kwanza, shingo juu, na kutoa mlio mfupi mkali hatari inapokaribia. Madume huunda vikundi vyao vilivyolegea, au hukaa peke yao wanapozeeka.

Hali hiyo hubadilika kiangazi kinapoelekea mwisho. Mwezi wa Septemba hasa, madume huacha wenzao na kuwatafuta majike. Shingo zao zimenenepa, manyoya yake yamerefuka, na sauti zao, ambazo mwaka mzima hazikusikika, zinajaza mabonde usiku kucha. Ni ngurumo nzito ya kurudiarudia, na asiyeijua angedhani ni ya mnyama anayekula nyama. Dume linaloimudu sauti hiyo kwa muda mrefu linatangaza kwamba lina nguvu. Mpinzani husikiliza, hujibu, hulinganisha. Wasipoachana, huja wakatembea sambamba, bega kwa bega kwa mbali kidogo, wakienda na kurudi, kila mmoja akimpima mwenzake. Mara nyingi ugomvi huishia hapo. Usipoishia, hugeukiana na kufungamanisha pembe, na hapo hushinda mwenye uzito na miguu imara. Majeraha hutokea, na vifo pia, ila si kwa wingi kama wawindaji wanavyopenda kusimulia.

Dume lenye majike hula kidogo sana katika wiki hizo. Hugaagaa katika matope yenye mkojo wake, husugua mashina kwa tezi zilizo chini ya macho, hufukuza vijana wanaonyemelea pembeni, na msimu unapokwisha limepoteza sehemu kubwa ya uzito wake. Lina bahati moja: mvua za kwanza na mbegu za mialoni huja wakati huo huo, na hapo hulipia deni kabla baridi haijazidi.

Mimba huchukua takribani miezi minane, hivyo ndama huzaliwa kiangazi kinapoanza, kwa kawaida mmoja tu. Mama hujitenga na kundi, huzalia kichakani na kumlaza mtoto humo. Katika siku zake za kwanza ndama hafuati. Hulala amejikunja, madoa yake yakimchanganya na mwanga wa majani, na karibu hatoi harufu. Mama hula mbali naye na kurudi mara chache kumnyonyesha, akilamba uchafu wake wote ili pasibaki cha kunuswa. Mtu anayemkuta ndama wa namna hiyo na kumchukua kwa huruma, akidhani ameachwa, humpokonya mama aliye umbali wa hatua chache.

Zamani waliokuwa wakimnusa ndama huyo walikuwa wengi. Simba wa Atlasi, chui na dubu waliishi katika milima hiyo hiyo. Dubu alitoweka katika karne ya 19. Simba wa Tunisia walimalizwa mwishoni mwa karne hiyo. Chui naye akafuata. Leo ayala mtu mzima hana adui wa asili. Ndama hutishiwa na bweha, na zaidi ya bweha, na mbwa wanaozurura kutoka vijijini.

Vita, ua na moto

Kilichokaribia kummaliza ni bunduki na vita. Wakati wa vita vya ukombozi wa Algeria, 1954 hadi 1962, misitu ya mpakani ilikuwa njia ya wapiganaji waliokuwa na kambi Tunisia. Kuanzia mwaka 1957 jeshi la Ufaransa lilijenga mstari wa Morice, ua wa umeme uliopandwa mabomu ya ardhini kando kando, ukafuata mpaka huo. Vijiji vilihamishwa, na misitu ilipigwa mabomu na kuunguzwa. Msomaji wa Kongo hahitaji kufafanuliwa jinsi vita vinavyokula wanyama. Algeria ilipata uhuru, lakini kazi ya kuyaondoa mabomu hayo iliendelea kwa zaidi ya nusu karne, hadi muongo wa 2010. Ayala waliosalia pande zote mbili walikuwa wachache mno.

Katika miaka ya 1960 serikali ya Tunisia iliwazungushia ua sehemu ya msitu wa El Feija, wakazaana humo, na baadaye vizazi vyao vikaachiwa nje na kupelekwa sehemu nyingine. Njia hiyo ilifaulu kuongeza idadi. Haikuweza kurudisha kilichopotea katika damu: uchunguzi umeonyesha kwamba ayala wa Tunisia wana tofauti chache za urithi kuliko wenzao wengi wa Ulaya, kama inavyotazamiwa kwa jamii iliyotokana na mababu wachache. Jamii ya namna hiyo huweza kuishi vizuri miaka mingi, kisha ugonjwa mmoja mgeni ukawakuta wote hawana kinga ile ile. Ayala wa Corsica walikwisha kabisa katika miaka ya 1960, na kisiwa hicho kilibaki bila mnyama huyo mpaka walipoletwa wengine kutoka Sardinia mwaka 1985. Barbaria haina Sardinia iliyo huru na matatizo hayo hayo. Ndiyo maana Mkataba wa Bonn wa 1979 juu ya wanyama wanaohama umemtia ayala huyu katika orodha ya wanaohitaji ulinzi wa nchi zote anamopita, na ndiyo maana uhusiano wa Tunisia na Algeria katika jambo hili si adabu ya kidiplomasia tu. Mnyama wa upande mmoja akizaa na wa upande wa pili, zote mbili hupata faida.

Kwa sasa hofu kubwa ni moto. Agosti 2022 moto uliwaua watu zaidi ya 30 katika wilaya ya El Tarf, kaskazini mashariki mwa Algeria, na kuunguza sehemu ya hifadhi ya El Kala. Julai 2023 uliwaka tena pande zote mbili za mpaka, ukafika Melloula karibu na Tabarka. Mwaloni wa kizibo una kinga yake: gome lile nene hulinda uhai wa ndani, na mti ulioungua, kama haukuwa umevuliwa gome karibuni, huchipua tena katika matawi yake. Mvua zikishafika, machipukizi na nyasi za ardhi iliyoungua huwa malisho mazuri kwa ayala wazima. Vichaka hukawia zaidi, miaka kadhaa, na ni ndani ya vichaka hivyo ndipo jike humlaza ndama wake mwanzo wa kiangazi, wakati ule ule ambapo msimu wa moto unafunguka.